Jina, Lakabu na Kumbukumbu: Kutambuliwa kwa Wakenya Mashuhuri Wenye Asili ya Bara Hindi

1.0 Utangulizi

Mwezi Julai 2017 Serikali ya Kenya ilitangaza kwamba raia wake wenye asili ya Bara Hindi wanatambuliwa kuwa kabila la 44 la nchi hiyo. Tangazo hilo lilitolewa wiki chache tu kabla ya uchaguzi mkuu wa tarehe 8 Agosti, na wapo waliolichukulia kuwa ni mbinu ya kutafuta kura. Wengine walilifurahia kwa dhati, kwani jamii ambayo wazee wake walikuwapo pwani ya Afrika Mashariki karne nyingi kabla ya reli ilikuwa bado inaulizwa swali la mgeni: "Kwenu ni wapi?" Katika sensa ya mwaka 2019 raia wa kundi hili walihesabiwa kuwa 47,555.

Kwa mwanafunzi wa lugha na fasihi, tangazo hilo lina utata wa namna nyingine. Neno kabila, kwa maana yake ya kawaida, hudai lugha moja, mila zinazofanana na nasaba inayodhaniwa kuwa ya pamoja. Watu waliotiwa katika kabila hili jipya huzungumza Kigujarati, Kikachi, Kipunjabi na Kikonkani, pamoja na Kiswahili na Kiingereza. Miongoni mwao wamo Wahindu, Wajaini, Masingasinga, Waismailia, Mabohora, Waithnaashari na Wakatoliki wa Goa. Jambo pekee linalowaunganisha wote ni kwamba Waafrika na Waingereza waliwatazama na kuwaona wamoja. Kwa hiyo jamii imetambuliwa, lakini kutambua jamii si sawa na kutambua watu wake.

Makala haya yanachunguza pengo hilo. Swali linaloyaongoza ni hili: mtu wa jamii yenye asili ya uhamiaji anapotenda jambo kubwa, ni nani humtambua, na humtambua kwa jina gani? Hoja itakayojengwa ni kwamba majina yana uzito kuliko orodha na nishani, na kwamba Kiswahili, ambacho kwa muda mrefu kiliwafunika watu hawa kwa majina ya jumla, ndicho pia kilichompa mmoja wao heshima isiyotolewa na kamati yoyote.

2.0 Majina ya Jumla

Kiswahili kina majina kadhaa ya watu waliotoka ng'ambo ya Bahari ya Hindi, na karibu yote ni ya jumla. Jina Mhindi ndilo lililoenea zaidi. Asili yake ni nchi, lakini matumizi yake hayafuati mipaka ya nchi. Tuchukue watu watatu wanaotajwa mara nyingi zaidi pindi historia ya jamii hii inapoandikwa. Alibhai Mulla Jeevanjee alizaliwa Karachi mwaka 1856. Makhan Singh alizaliwa mwaka 1913 katika kijiji cha Gharjakh, Punjab. Miji na vijiji hivyo vyote viwili vimo katika Pakistani tangu mwaka 1947. Pio Gama Pinto alizaliwa Nairobi mwaka 1927, na wazazi wake walitoka Goa, iliyokuwa koloni la Wareno mpaka Desemba 1961. Hakuna kati yao ambaye leo angeweza kuitwa mtu wa India kwa mahali alipozaliwa. Hata hivyo wote watatu, katika mazungumzo ya kila siku, ni Wahindi.

Jina Baniani lina historia tofauti kidogo. Linatokana na neno la Kigujarati la tabaka la wafanyabiashara, na katika Kiswahili likaenezwa kwa Wahindu wote, awe muuza nguo au fundi wa dhahabu. Jina hili ndilo lililoingia katika methali mashuhuri, "Baniani mbaya, kiatu chake dawa." Walimu wengi huifafanua methali hii kama fundisho la kutomdharau mtu, kwa kuwa hata usiyempenda anaweza kukufaa. Ufafanuzi huo si mbaya, lakini unaruka jambo lililo wazi. Methali haimwondolei Baniani ubaya wake, bali inakisifu kiatu. Manufaa yanakubaliwa na mwenyewe anaachwa nje. Itaonekana hapa chini kwamba sehemu kubwa ya heshima waliyopewa watu wa jamii hii imechukua umbo hilohilo: kitu kinasifiwa, na aliyekitoa hajulikani.

Jina la ajabu kuliko yote ni Kalasinga. Inasimuliwa kwamba lilitokana na mfanyabiashara mmoja wa zamani wa Nairobi aliyeitwa Kala Singh, ambaye alijulikana sana na wateja wake Waafrika. Kutoka kwake jina likahamia kwa kila mwanamume mwenye kilemba na ndevu. Wasomaji wa Abdulrazak Gurnah watakumbuka kwamba riwaya yake ya mwaka 1994, iliyotafsiriwa kwa Kiswahili na Ida Hadjivayanis kwa jina la Peponi mwaka 2022, ina mhusika aitwaye Kalasinga. Kwa kawaida mtu hupata umashuhuri kwa kutengwa na kundi, jina lake likawa lake peke yake. Katika kisa cha Kala Singh mambo yaligeuka. Alijulikana mno hata jina lake likawameza wenzake wote, na mwishowe likammeza yeye mwenyewe, kwa kuwa wengi wanaolitumia hawajui kwamba palikuwa na mtu.

Chini kabisa ya majina haya lipo kuli. Kati ya mwaka 1896 na 1901 vibarua 31,983 waliletwa kutoka India kwa mkataba ili kujenga reli ya Uganda. Kati yao 2,493 walikufa, na 6,724 walibaki baada ya mikataba kwisha. Takwimu hizo hutajwa katika takriban kila kitabu cha historia ya Kenya. Majina ya waliokufa hayatajwi, na neno lililowataja limebaki bandarini kwa maana ya mpakuaji na mpakizi wa shehena, bila kujali asili yake.

3.0 Jina Ukutani

Jamii yenyewe haikusubiri wengine iwatambue watu wake. Njia iliyopendelewa ilikuwa ya kuandika jina la mfadhili juu ya jengo: shule, zahanati, maktaba, ukumbi, hospitali. Mombasa ina Hospitali ya Pandya, na Nairobi ina Hospitali ya M.P. Shah, iliyopewa jina la mfanyabiashara na mfadhili Meghji Pethraj Shah. Utamaduni huu una mizizi katika dini na katika desturi za biashara za Gujarat, ambako mali isiyotoa sadaka huonwa kuwa na kasoro. Lakini jina lililoko ukutani lina tabia ya kuhama kutoka kwa mtu kwenda kwa mahali. Mtu akisema kwamba ndugu yake amelazwa M.P. Shah, anataja jengo tu. Kiatu kimesifiwa tena.

Kisa cha Jeevanjee kinaonyesha jambo hili kwa ukamilifu zaidi. Alifika Mombasa mwaka 1890, akawa mkandarasi wa Kampuni ya Kibeberu ya Uingereza ya Afrika Mashariki, na baadaye wa reli, akiwapatia vibarua chakula na mahitaji mengine. Alianzisha gazeti la African Standard huko Mombasa, ambalo baada ya kuuzwa lilihamia Nairobi na kukua likawa gazeti kuu la walowezi. Mwaka 1909 aliteuliwa kuwa mjumbe wa kwanza asiye Mzungu katika Baraza la Kutunga Sheria. Mwaka 1906 alikuwa ameupa mji wa Nairobi bustani, na ndani yake akasimamisha sanamu ya Malkia Victoria.

Mwaka 1991 ulipotangazwa mpango wa kuijenga bustani hiyo, wazao wake walipinga, na Wangari Maathai akaunga mkono upinzani huo. Bustani ikaokoka. Mjukuu wake, Zarina Patel, ndipo akaandika wasifu wa babu yake, uliochapishwa mwaka 1997. Huu ni mfano mzuri wa namna kumbukumbu inavyofanya kazi: kwa zaidi ya nusu karne baada ya kifo chake mwaka 1936, Jeevanjee alikuwa jina la viti na miti, ilipotishiwa ardhi ndipo mtu akarudi. Wakati huohuo bustani ilikuwa imepata wenyewe wapya. Wananchi wasio na kazi na wenye kazi hukutana hapo kujadili siasa katika mikusanyiko iliyojulikana kama Bunge la Mwananchi, mjadala ukiendeshwa zaidi kwa Kiswahili, na wao huita mahali hapo Jivanjee, kwa matamshi ya Kiswahili yasiyo na shaka.

Je, Jeevanjee ni shujaa wa taifa? Hapa uaminifu unahitajika. Alipigania haki za Wahindi mbele ya walowezi kwa ujasiri mkubwa, na alikuwa mmoja wa waasisi wa harakati za kisiasa za Wahindi katika koloni. Lakini mwaka 1910 alifikia hata kupendekeza kwamba Afrika Mashariki iunganishwe na Himaya ya India. Waafrika hawakuwamo katika hesabu hiyo. Orodha za watu mashuhuri hupenda kuyapita mambo kama haya kimyakimya, na kwa kufanya hivyo huwapunguzia watu hao uzito wao. Jeevanjee wa kweli, tajiri aliyedai usawa kwa watu wake bila kuwatazama walio chini yao, anaeleza historia ya koloni vizuri zaidi kuliko Jeevanjee wa maua na sifa.

4.0 Waliotoka Nje ya Uzio

Makhan Singh alikuja Kenya mwaka 1927 akiwa kijana, na akafanya kazi katika kiwanda cha uchapaji cha baba yake. Mwaka 1935 aliongoza kugeuzwa kwa chama cha wafanyakazi cha Wahindi kiwe chama kilicho wazi kwa watu wa rangi zote. Badiliko hilo la jina na katiba laweza kuonekana dogo kwa msomaji wa leo. Katika koloni ambamo mishahara, vyoo, shule na mitaa viligawanywa kwa rangi, lilikuwa ni kuvunja msingi wenyewe wa utawala. Mwaka 1937 chama hicho kiliendesha mgomo wa siku 62 jijini Nairobi, na miongoni mwa waajiri waliogomewa walikuwamo makandarasi Wahindi. Hapo ndipo ilipodhihirika kwamba Makhan Singh hakuwa kiongozi wa jamii yake kwa maana ile iliyozoeleka. Aliitazama jamii hiyo akaona ndani yake tajiri na mfanyakazi, naye akasimama na mfanyakazi.

Alipokwenda India alizuiliwa na Waingereza, na hakurudi Kenya mpaka mwaka 1947. Mwaka 1949 yeye na Fred Kubai waliunda muungano wa vyama vya wafanyakazi vya Afrika Mashariki. Tarehe 23 Aprili 1950, katika mkutano wa hadhara uliofanyika Kaloleni, Nairobi, alidai uhuru kamili wa nchi za Afrika Mashariki, wakati ambapo wanasiasa wengi walikuwa bado wakiomba viti zaidi barazani. Mwezi uliofuata alikamatwa, wafanyakazi wakagoma, naye akawekwa kizuizini katika sehemu za kaskazini, zikiwamo Lokitaung na Maralal. Aliachiliwa Oktoba 1961, baada ya miaka kumi na moja na zaidi. Hakupewa cheo chochote katika serikali ya uhuru. Aliandika historia ya vyama vya wafanyakazi, iliyochapishwa mwaka 1969, akafa mwaka 1973.

Pio Gama Pinto alikuwa mdogo wake kwa umri na mwenzake kwa msimamo. Naye aliwekwa kizuizini kuanzia mwaka 1954, kwanza katika kisiwa cha Manda, kisha Kabarnet, mpaka mwaka 1959. Alipotoka alielekeza nguvu zake katika magazeti, na majina ya magazeti hayo yanastahili kuzingatiwa: Sauti ya KANU, kisha Sauti ya Mwafrika. Mtu mwenye asili ya Goa, aliyekuwa na Kiingereza cha kutosha kumpa kazi nzuri ofisini, alichagua kusema kwa jina la sauti isiyokuwa yake kwa nasaba, akaifanya yake kwa kazi. Tarehe 24 Februari 1965, akiwa Mbunge, alipigwa risasi nje ya nyumba yake huko Westlands, Nairobi, mbele ya mtoto wake mdogo. Alikuwa na umri wa miaka 37. Wakenya wengi humhesabu kuwa mwanasiasa wa kwanza kuuawa baada ya uhuru.

Kutambuliwa kwa wawili hawa kulichelewa. Mwaka 2008 sura ya Pinto ilitokea katika stempu za posta za mashujaa wa Kenya. Katiba ya mwaka 2010 iliibadili Siku ya Kenyatta ya tarehe 20 Oktoba ikawa Siku ya Mashujaa, na hivyo ikafungua mlango kwa majina mengine. Sheria ya mwaka 2014 ikaweka utaratibu wa kuwatambua. Inafaa kusisitizwa kwamba wote wawili waliingia katika kumbukumbu ya taifa kwa sababu zilezile zilizowafanya wasitulie ndani ya jamii yao. Wafanyabiashara wengi waliiogopa siasa yao, ambayo ingeweza kuwaletea matata kwa Waingereza kwanza, kisha kwa serikali mpya. Kwa hiyo mtu akiitazama orodha yoyote ya "Wahindi mashuhuri" yenye majina ya Makhan Singh na Pinto karibu na matajiri wakubwa, yampasa akumbuke kwamba walipokuwa hai baadhi yao wasingekaa meza moja.

Pana pia suala la wale ambao asili yao haigawanyiki. Joseph Murumbi, Makamu wa Rais wa pili wa Kenya mwaka 1966, baba yake alikuwa Mgoa na mama yake Mmaasai. Kila upande waweza kumdai, na kila orodha inayomtia upande mmoja inampunguza.

5.0 Simba wa Utelezi

Mpaka hapa wanaotambua wametajwa kuwa ni jamii yenyewe, wazao, na serikali. Yupo mtambuzi wa nne, na huyu hana ofisi. Ni umma unaotoa lakabu.

Joginder Singh alizaliwa Kericho mwaka 1932, akawa fundi wa magari kama baba yake. Mwaka 1965, yeye na nduguye Jaswant walishinda mashindano ya magari ya Safari Rally wakiendesha Volvo iliyokwisha kutumika. Alishinda tena mwaka 1974 na 1976. Mashindano hayo yalifanywa wakati wa Pasaka, msimu wa masika, na njia zake nyingi zilikuwa za udongo. Mvua iliponyesha, magari ya viwanda vikubwa vya Ulaya yalikwama, na wanavijiji waliokuja kutazama ndio waliokuwa wakiyasukuma. Kutoka kando ya barabara hizo ndipo lilipozuka jina Simba wa Utelezi.

Waandishi wa Kiingereza walimwita kwa jina lililotaja dini yake pamoja na kasi yake. Lakabu ya Kiswahili haitaji dini, wala rangi, wala kilemba. Inataja mnyama anayeashiria ushujaa katika sifa za Kiswahili, na inataja utelezi, jambo ambalo kila mkulima, mchukuzi na dereva wa nchi hiyo analijua kwa miguu yake. Muundo wake ni ule wa majina ya sifa: nomino ya heshima, kiunganishi cha umilikaji, na uwanja wa mapambano. Aliyepewa jina hilo amewekwa ndani ya mazingira ya watoaji wake. Hakuna aliyeuliza kwao ni wapi, kwa kuwa jina lenyewe limekwisha kujibu: kwao ni kwenye matope hayohayo.

Yaweza kudhaniwa kwamba ushindi peke yake ndio uliomletea lakabu. Dhana hiyo inapingwa na mfano wa Shekhar Mehta, mzaliwa wa Uganda mwenye asili ya Bara Hindi, aliyeshinda mashindano hayo mara tano: mwaka 1973, na kisha mfululizo kutoka 1979 hadi 1982. Mehta alisifiwa na kupendwa, lakini hakuna lakabu yake ya Kiswahili iliyoshika na kuenea kwa kiwango hicho. Tofauti yaelekea kuwa katika ufundi. Joginder alijulikana kama mtu anayelala chini ya gari lake mwenyewe, spana mkononi. Umma ulimtambua kwanza kama fundi, yaani mtu wa kazi inayofahamika, ndipo ukamtambua kama bingwa. Wachezaji wa hoki walioifikisha Kenya nafasi ya nne katika Kombe la Dunia la mwaka 1971, wengi wao Masingasinga, hawakupata lakabu za namna hiyo, labda kwa sababu uwanja wao ulikuwa na uzio na matope yalikuwa kwingine.

6.0 Mwandishi Asiyeulizwa Asili

Nje ya Kenya, katika fasihi ya Kiswahili yenyewe, upo mfano mwingine unaofaa kulinganishwa na huu. Farouk Topan, mzaliwa wa Zanzibar mwenye asili ya Bara Hindi, alikuwa miongoni mwa walioanzisha ufundishaji wa fasihi ya Kiswahili kwa Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwishoni mwa miaka ya 1960. Tamthilia zake, Mfalme Juha ya mwaka 1971 na Aliyeonja Pepo ya mwaka 1973, zimesomwa na vizazi vya wanafunzi. Katika uhakiki wa tamthilia hizo ni nadra kukuta asili ya mwandishi ikijadiliwa. Anahesabiwa pamoja na watunzi wa Kiswahili, basi. Kinyume chake ni M.G. Vassanji, aliyezaliwa Nairobi na kukulia Dar es Salaam. Riwaya yake iliyomhusu Mkenya mwenye asili ya Bara Hindi ilimpatia tuzo kubwa ya fasihi ya Kanada mwaka 2003. Nchi aliyoiandikia habari zake haikuwa ndiyo iliyomtuza.

Tofauti kati ya waandishi hao wawili si ya ubora. Ni ya lugha. Aliyeandika kwa Kiswahili aliingia katika orodha iliyopangwa kwa kazi, na aliyeandika kwa Kiingereza akabaki katika orodha zinazopangwa kwa asili na uraia. Wasifu za Jeevanjee na Makhan Singh zilizoandikwa na Zarina Patel nazo ni za Kiingereza, na hivyo huwafikia kwa shida wale wanaokaa kila siku katika bustani ya Jeevanjee wakijadili mishahara na uhuru, mambo ambayo Makhan Singh alifungwa kwa ajili yake. Kiswahili kinao utanzu wa wasifu uliokomaa. Shaaban Robert alipomwandika Siti binti Saad alionyesha kwamba nathari ya Kiswahili inaweza kumtukuza mtu ambaye jamii ilimdharau kwa nasaba yake, bila kuificha nasaba hiyo.

Kazi nyingine ni ya ukusanyaji, nayo haina muda mrefu. Waliokuwa watoto kando ya barabara mwaka 1965 sasa wamepita miaka sitini. Lakabu walizowapa wenye maduka, mafundi seremala, walimu, madaktari na madereva wenye asili ya Bara Hindi, za kusifu na za kukejeli pia, ziko katika vinywa vyao. Mtafiti atakayekwenda Kericho, Kisumu, Nakuru au Mombasa aanze kwa kuuliza swali moja jepesi: yule Mhindi mliyemjua, ninyi mlikuwa mkimwita nani?